Kolirabi Bukavu: baridi tunayo, majira ya baridi hatuna

Mtu wa Bukavu akishuka Uvira kwa siku mbili, atarudi na hadithi ya joto atakayoisimulia wiki nzima. Hali ya hewa ndiyo kiburi chetu. Tuko karibu mita 1,500 juu ya usawa wa bahari, ziwa linaingia katikati ya mji hadi milangoni, na blanketi halitoki kitandani mwezi wowote wa mwaka. Ndiyo maana mboga za Wazungu zilizoea hapa mapema, tangu mji ukiitwa Costermansville: shu (yaani kabichi), karoti, puwaro (liki), selari. Leo hakuna anayeziona ngeni. Mama anayeteremka kutoka Kabare alfajiri, kitunga cha shu mgongoni na kamba kwenye paji la uso, anauza mboga yake tu, basi.

Kolirabi haikuwafuata wenzake. Ni ndugu wa damu wa shu, na udongo unaoikubali shu unaikubali na yeye, lakini sokoni Nyawera sijawahi kuikuta, na soko la Kadutu ukiiulizia wanakuonyesha figili. Wachache wanaoijua wanaiita shurave, kwa Kifaransa cha zamani cha masista na mapadri. Mimi naipanda hapa Muhungu, kwenye vimatuta vya nyuma ya nyumba, na nadhani najua sababu mojawapo ya watu kuijaribu mara moja na kuiacha: wanafuata maelezo ya nyuma ya paketi.

Paketi zangu huja na mdogo wangu anayeishi Ubelgiji. Nyuma yake kuna mstari wenye miezi kumi na miwili, na miezi ya kusia imepakwa rangi ya kijani, kuanzia Machi mpaka katikati ya mwaka. Chini yake wanakuonya usisie mapema mno, miche ikapigwa na baridi. Yote hayo ni kweli, kule. Baridi yao inakuja na kuondoka, na kazi yote ya mkulima wao ni kuikwepa inapoingia na kulikwepa joto linalofuata. Baridi yetu haina pa kwenda. Mchana tunafika nyuzi 25 hivi, usiku tunashuka karibu na 15, Januari hivyo hivyo, Julai hivyo hivyo. Kolirabi inapenda kati ya nyuzi 15 na 20, kwa hiyo kwa upande wa joto peke yake, Bukavu inaweza kuisia mwezi wowote. Kinachotutenganishia majira ni mvua. Ukiishika kalenda ya kijani ya paketi utasia Machi, na Aprili yetu itaipokea miche yako kwa namna ambayo Mbelgiji hakuiwaza.

Kabla ya mvua, niseme ni mmea gani, maana picha peke yake inadanganya. Kolirabi ni Brassica oleracea, aina ileile moja iliyotupa shu, sukuma wiki, brokoli na koliflawa. Watu waliichagua vizazi kwa vizazi kwa ajili ya shina. Shina linavimba juu ya ardhi, sentimita mbili tatu kutoka kwenye udongo, na kuwa tufe la kijani kibichi au zambarau, na vikonyo vya majani vinachomoza ubavuni mwake huku na huku kama antena za redio ya zamani. Majani ya chini yakidondoka yanaacha makovu ya mlalo kwenye ngozi. Mzizi wenyewe uko chini, mwembamba, hauna kazi jikoni. Kwa hiyo anayeipandia udongo hadi shingoni, kama tunavyofanya kwa viazi, anaizika sehemu anayotaka kuila, na mvua ikikaa hapo inaoza. Liache tufe likae wazi, lipigwe na upepo.

Sasa mvua. Inaanza Septemba na kuendelea hadi Mei, na Muhungu, kama nusu ya mji huu, ni mteremko. Udongo ni mwekundu, mfinyanzi, ukilowa unateleza na ukikauka unapasuka. Kila mtu hapa anajua korongo lililoanza kama mfereji mdogo nyuma ya nyumba ya mtu. Wa Funu na Panzi hawahitaji kuelezwa. Bustani ya mboga kwenye ardhi ya namna hii inaanza na kuzuia udongo usiondoke. Vimatuta vyangu vinakata mteremko, havishuki nao, na kwenye ukingo wa kila kimoja kuna mstari wa majani marefu ya ng'ombe ambayo mizizi yake inashika. Juu ya tuta natandaza majani makavu ya migomba. Hayo yanafanya kazi mbili: yanaupunguzia udongo kipigo cha matone, na yanazuia tope lisirukie majani ya mmea. Hili la pili watu hulidharau. Ozo jeusi la jamii ya shu, lile linaloanza na doa la njano lenye umbo la V kwenye ukingo wa jani na kufuata mishipa hadi inakuwa meusi, ni bakteria, na safari yake kubwa ni maji yanayoruka. Aprili yenye mvua za kila mchana ni sikukuu yake.

Basi mimi nasia mara mbili kubwa. Moja ni mwisho wa Septemba, mvua zikiwa zimeshazoea lakini bado hazijakolea. Nyingine, ninayoipenda zaidi, ni kuelekea mwisho wa Aprili. Miche inakaa kitaluni chini ya kijipaa cha majani wakati mbingu zinamwaga, inahamia kwenye tuta Mei, na tufe linavimba Juni, udongo ukiwa bado na unyevu wa ndani na jua limeanza kukausha majani. Zile za Juni ndizo tamu. Katikati ya hizo mbili nasia kidogo kidogo, mstari mmoja kila majuma machache, kwa sababu kolirabi zote zikikomaa siku moja ni hasara. Haisubiri.

Kiangazi cha Juni hadi Agosti inawezekana pia, kwa wenye maji. Wanaolima kwenye mabonde yenye tope, ile tunayoita sezoni C, wana bahati ambayo sisi wa milimani hatuna. Huku juu ni pipa chini ya mabati, na bomba siku linapokumbuka. Maji yakikosekana wiki nzima halafu ukaja kumwagilia kwa pupa, tufe linapasuka, ufa mrefu kutoka juu hadi chini, kwa sababu ndani inakua upesi kuliko ngozi inavyoweza kutanuka. Afadhali kidogo kila jioni.

Mbegu inachipuka ndani ya juma, ikizikwa sentimita moja tu. Baada ya wiki tatu au nne mche una majani manne matano ya kweli, unahamishwa. Nafasi ni sentimita 20 kati ya mche na mche, 30 kati ya mistari. Hapa ndipo kolirabi inapowazidi shu kwa mwenye kiwanja kidogo. Mita moja ya mraba ya shu inabeba vichwa vinne ukiwa mwungwana. Mita ileile inabeba kolirabi 15 au 16, na tangu kusia hadi kisu ni wiki nane tisa, wakati shu bado inafikiria kujifunga. Ukihesabu kwa chakula kinachotoka kwenye kipande cha ardhi kwa mwaka, shu inashindwa. Ukihesabu kwa fedha sokoni ni habari nyingine, nitafika huko.

Wadudu ni walewale wa shu, wala sina siri. Sota anakata mche usiku pale unapoingia ardhini, asubuhi unaukuta umelala. Ukifukua kidogo kando yake utamkuta amejikunja, wa kijivu. Koa wanapenda majani yangu ya migomba, ndiyo gharama ya kutandaza, na ninawaokota na tochi. Kiwavi anayenishughulisha ni yule mdogo wa kijani wa nondo mgongo-almasi. Anakula jani kutoka chini na kuacha utando mwembamba wa juu, kwa hiyo jani linabaki na vidirisha vinavyopitisha mwanga. Ukimgusa anajirusha, ananing'inia kwa uzi wake. Mvua kubwa zinamwangusha na kumzamisha, na ndiyo maana analeta vurugu kiangazi. Katika mji huu watu wengi wanampulizia dawa ileile mwaka hadi mwaka, na huyu ni mmoja wa wadudu wanaojulikana duniani kwa kuzizoea dawa. Kwenye kolirabi sihangaiki naye sana: akitoboa majani machache tufe linaendelea kuvimba, ilimradi majani mengi yabaki. Anayelima shu hana anasa hiyo, kwa sababu jani ndilo analouza.

Ugonjwa wa kuogopa uko chini. Ni uvimbe wa mizizi, ule ambao mmea unanyauka saa sita mchana na kuinuka jioni, na ukiung'oa unakuta mizizi imefura na kujipinda vibaya. Kiini chake kinaweza kukaa udongoni zaidi ya miaka kumi kikisubiri mmea wa jamii ya shu. Kinastawi kwenye udongo wenye asidi, na udongo wetu mwekundu una asidi. Chokaa inasaidia, majivu ya jikoni yanasaidia kidogo, kupokezana mazao kunasaidia: baada ya kolirabi maharage, baada ya maharage karoti au lengalenga (mchicha), na tuta lisirudie jamii ya shu upesi. Lakini kinga kubwa ni kuotesha miche yako mwenyewe. Mche wa kununua unakuja na donge la udongo wa mtu mwingine, na hujui kwake kuna nini. Kwa hili mimi ni mkali hata kwa marafiki. Zawadi ya miche haiingii kwangu.

Mbolea natoa kwa kobayi. Nyumba nyingi hapa Kivu ya Kusini zinafuga hao simbilisi, jikoni au kwenye kibanda, watoto ndio wenye kazi, na ni nyama isiyohitaji kuomba ruhusa ya mtu. Majani ya kolirabi yasiyoingia sufuriani yanawaendea wao, na wanayapokea kwa mlio unaousikia hadi barabarani. Kinachotoka kwao kinakaa kwenye lundo na majivu na maganda mpaka kipoe, ndipo kinarudi tutani. Kolirabi inakula vizuri na inataka kula mapema. Ikidumaa katika wiki zake za mwanzo haifidii baadaye, inakomaa ikiwa ndogo na ngumu.

Ugumu. Hapa ndipo watu wengi wanapoachana nayo, na kosa ni la macho. Tumezoea kwamba kikubwa ndicho kizuri. Jirani yangu, mama mtu mzima aliyelima maisha yake yote Walungu kabla ya kuhamia kwa mwanawe, alisimama juu ya mstari wangu akaniambia, “Mama, unakata watoto. Acha bikomae.” Yalikuwa na upana wa sentimita sita saba, ndio muda wake hasa. Nikamwachia matatu kwa heshima, yajikuzie. Baada ya majuma kadhaa yalikuwa makubwa ya kupendeza, tukayakata pamoja mezani kwake. Kisu kiliingia vizuri kutoka juu, kikafika theluthi ya chini kikagoma. Ukiangalia pale palipokatwa unaona nyuzi nyeupe, nene, zimesimama wima kutoka kwenye kitako na kupanda ubavuni chini ya ngozi. Kolirabi inaanza kuwa mti kutoka chini, siku zote. Ukipata iliyochelewa, kata kitako, menya ganda nene, utaokoa kilele. Yeye alitafuna kipande cha chini, akakitoa mdomoni, akakitazama, akasema, “Iyi ni kuni.”

Kuna mbegu za aina kubwa, Superschmelz ni mojawapo, zilizochaguliwa hasa ili zifike kilo kadhaa bila kugeuka kuni. Zinataka nafasi ya shu na muda wa shu, kwa hiyo zinanyang'anya faida zote nilizozihesabu hapo juu. Mimi nakaa na White Vienna na Purple Vienna, za zamani, za kawaida. Ile ya zambarau ni zambarau ngozini tu, ndani zote nyeupe. Ya kijani inawahi kidogo.

Jikoni, kwanza ile mbichi. Menya, kata vijiti, chumvi, ndimu, pilipili ya kusaga. Ina maji, inavunjika kwa mlio, na ina utamu ambao shu mbichi haina. Watoto wa nyumba hii wanaiba vijiti kabla ya sahani kufika mezani, jambo ambalo sijaliona kwa mboga nyingine yoyote. Ikiliwa hivyo vitamini C yake, kama miligramu 60 kwa kila gramu 100, haipotelei kwenye sufuria. Ikipikwa, naikata vipande na kuitia kwenye maharage yakiwa yameshaiva, dakika kumi zinatosha. Au naikaanga na kitunguu na nyanya, halafu sambaza, wale samaki wadogo wa ziwa letu, wa kukaanga juu yake, na bugali. Majani machanga yanapikwa kama sukuma wiki. Ya zamani yana ukakasi, ni ya kobayi. Usiiloweshe kwenye mafuta mengi ya mawese, inapoteza ladha na inabaki kula mawese tu.

Sokoni nilipeleka, na sikupata kitu. Mama ninayemfahamu Nyawera alinipa kona ya meza yake, karibu na shu. Wateja waliigusa, wakaigeuza. Mmoja akamuuliza, “Iyi shu yako iko na ugonjwa gani?” Ukweli ni kwamba swali lao la msingi lilikuwa lingine, na ni swali zuri: kwa bei hii, itashibisha watu wangapi? Kichwa cha shu cha kilo mbili kinapikwa siku mbili kwa nyumba ya watu wanane. Kolirabi tatu ni kitafunio. Wenye hoteli wanaweza kuzinunua, na kuna mabwana wa mashirika wanaozitambua wakaziona na kufurahi, lakini hilo si soko, ni bahati. Kwa sasa sishauri mtu aing'oe shu ya biashara aweke kolirabi. Nashauri aiweke pale shu isipoenea: kwenye kitako cha ukuta, kwenye gunia la udongo, katikati ya mistari ya puwaro. Mji huu umepitia siku ambazo gari halishuki kutoka Kabare na soko linabaki meza tupu, na siku hizo mita mbili za mboga nyuma ya nyumba ni kitu.

Linalonisumbua zaidi ni mbegu. Kolirabi ni mmea wa miaka miwili: mwaka wa kwanza unaweka akiba kwenye tufe, unapitia majira ya baridi, mwaka wa pili unatoa maua na mbegu. Bila hiyo baridi katikati, hauoni sababu ya kuchanua. Inahitaji siku nyingi mfululizo chini ya nyuzi 10. Mkulima wa Ulaya anaiogopa baridi hiyo, kwa sababu miche ikiipata mapema inapandisha shina la maua kabla ya tufe. Na msomaji wa Njombe au Makete naye awe mwangalifu na miche ya Juni na Julai. Sisi wa Bukavu hatuna hofu hiyo hata kidogo, na ndiyo hiyohiyo inayotufunga: tufe langu litavimba, litagumu, litaoza, na halitachanua. Ni kisa kilekile cha shu. Tumeila miaka yote hii, na bado tunafungua kopo la mbegu lililovuka mipaka. Mama wa Kabare anaweza kuweka mbegu zake za maharage kwa vizazi, lakini za shu hawezi, na dada yake mdogo kolirabi ndivyo hivyo.

Kwa hiyo paketi naitunza. Mbegu za jamii hii zikikaa pakavu na pa baridi zinachipuka hata baada ya miaka minne; adui yake hapa ni unyevu, na Bukavu unyevu haulali. Naziweka kwenye chupa yenye kifuniko cha kukaza, na chini yake vijiko viwili vya mchele uliokaangwa mpaka ukakauka kabisa, uliofungwa kwenye kitambaa.

Na nimeanza kupiga hesabu ya mlima. Ukipanda mita 1,000, joto linapungua kwa nyuzi sita hivi. Rafiki yangu ana shamba juu ya mahali paitwapo Miti, upande wa kwenda Tshivanga, zaidi ya mita 2,000. Huko usiku unapungua kwetu kwa nyuzi tatu nne, yaani kutoka 15 unafika 11. Haijafika. Lakini usiku wa kiangazi, mbingu ikiwa wazi, bondeni kunashuka zaidi, na pale kwake kuna kibonde ambako hata ng'ombe hawapendi kulala. Nimemwomba anipokelee mimea ishirini iliyokwisha kufanya tufe, akae nayo Juni hadi Agosti, tuone kama hata mmoja utanyanyua shina. Amekubali kwa masharti: mimea isiyochanua ni ya sungura wake, inayochanua tunagawana mbegu nusu kwa nusu, na nauli ya pikipiki ya kuzipandisha ni juu yangu.